Sakafu ya Chumba cha Tatu

Kama kuna mtu aliyelijua lile jumba la sanaa kuanzia chini kwenda juu, ni huyu mwanamke, na sisemi kwa kutia chumvi. Kwa miaka kumi na tisa alilitazama kutoka sakafuni, amepiga magoti, kitambaa mkono mmoja na kopo la nta mkono wa pili. Wenzake walimwita Mama Nta. Wakubwa walimwita "yule wa sakafu", na wakiwa na haraka hata hilo hawakulisema, walinyoosha kidole tu.

Sasa huyu Mama Nta alitaka kuwa mwongozaji wa wageni. Alitaka kusimama mbele ya watu na kuzungumza nao juu ya picha ambazo alikuwa amezitazama kuliko mtu yeyote katika jengo lile. Mwaka uliotangulia alijaribu, akaangukia pua. Alikikariri kijitabu cha jumba kurasa zote arobaini na mbili, akaingia mbele ya jopo na kuyamwaga yale maneno bila kupumua, hadi mjumbe mmoja alipomkatiza kwa upole: "Sawa, lakini mchoro huu una maana gani?" Kijitabu hakikuwa na jibu la swali hilo. Mama Nta akarudi kwenye ndoo zake, na aibu ile alitembea nayo wiki tatu nzima.

Safari hii ilikuwa ya mwisho. Tangazo lilibandikwa karibu na stoo ya mafagio: nafasi moja ya mwongozaji, wafanyakazi wote wanaruhusiwa kuomba, na kuanzia mwaka ujao hatachukuliwa tena mtu asiye na stashahada. Mama Nta alikuwa na elimu ya msingi na miaka arobaini na tisa. Ikimponyoka hii, angestaafu akiwa amepiga magoti, na alilijua hilo kila alipojishika kiuno kusimama.

Jopo lilitangaza kwamba kila mwombaji angepewa dakika kumi mbele ya mchoro mmoja, turubai kubwa la kijivu lililokuwa peke yake chumba cha tatu. Halikuwa na sura ya mtu, halikuwa na mti, halikuwa hata na jina; kibandiko chake kilisema "Bila Jina" na mwaka. Aliyelichora alikufa bila kuacha neno moja juu yake. Wageni wenye domo walipenda kusema ni rangi iliyobaki baada ya kupaka dari, kisha wakacheka wenyewe kwa sababu hakuna mwingine aliyecheka.

Nyumbani alikuwa na mwalimu wake, binti yake wa pekee, aliyekuwa mwaka wa pili chuoni akisoma falsafa. Majirani walimhurumia mama kwa hilo, wakidhani falsafa ni ugonjwa wa kusoma sana. Jioni moja mama alikuwa akipiga pasi na binti amelala chali kitandani na daftari lake kifuani.

"Wa zamani kabisa walisema sanaa ni kuiga," binti akaanza. "Unaona farasi, unachora farasi, tunakupima kwa farasi."

"Na kijivu changu kimeiga nini?"

"Ndiyo maana wakaja wengine wakasema hapana, sanaa ni msanii kuutoa moyo wake nje."

"Yule amekufa, mwanangu. Moyo wake tutamuuliza nani?"

"Subiri, wapo wengine. Hawa wanasema achana na moyo, achana na farasi, tazama mistari na rangi zilivyopangwa, basi. Halafu wapo waliochoka kabisa, wanasema kitu kinakuwa sanaa kwa sababu jumba la sanaa limekikubali kuwa sanaa."

Mama Nta akasimamisha pasi. "Kwa hiyo wakiiweka ndoo yangu pale katikati ya chumba?"

"Na mkurugenzi akubali? Inakuwa sanaa."

"Na mimi nitapigia deki nini?"

Wakacheka hadi gauni likaanza kunuka moto. Lakini mama alipolala maneno hayakumtoka kichwani. Kila mmoja wa hao wenye akili alikuwa ameshika kipande: huyu ameshika dunia, huyu mchoraji, huyu rangi, huyu jumba. Hakuna aliyemtaja mtu anayekuja na viatu vyake, anasimama, anatazama. Na habari za viatu, hapo hakuna profesa wa kumfundisha Mama Nta.

Maana sakafu ya chumba cha tatu ilikuwa na siri. Ilipakwa nta mara moja kila baada ya wiki nne. Wiki ya kwanza yote inang'aa sawasawa. Kufikia wiki ya nne nta imelika pale watu wanaposimama, na mbao zinakuwa na mabaka yaliyofifia. Vyumba vingine baka huwa mbele ya picha, mahali mtu yeyote angelitegemea. Chumba cha tatu kulikuwa na baka dogo mbele ya turubai, la watu waliosoma kibandiko na kuondoka. Baka kubwa lilikuwa pembeni kabisa kushoto, karibu na dirisha, mahali pasipo na sababu ya mtu kusimama. Pale nta ililika hadi kwenye ubao.

Miaka mingi aliilaumu mashine ya kung'arishia. Siku moja akasimama pale yeye mwenyewe. Kutoka dirishani, mwanga wa asubuhi ulikuwa ukiipita ile picha kwa ubavu, na kile kijivu kikaacha kuwa kijivu. Kilikuwa na matuta ya brashi, mamia kwa mamia, yote yameelekea upande mmoja, tabaka juu ya tabaka, mpaka chini karibu na pembe ambapo mkono ulisita, ukageuka, ukaanza upya. Alisimama hadi maji ya deki yakapoa, na hakuweza kumwambia mtu yeyote alichokuwa akikitazama.

Basi mpango wake ukawa huo. Angewaonyesha jopo yale mabaka. Nta ya mwisho ilikuwa imepakwa wiki nne kabla ya usaili, na kwa makusudi hakuigusa sakafu ile tena. Aliwaonyesha wenzake uso mkavu, akajitia hamnazo, na sakafu ikafifia kama alivyotaka.

Tatizo ni kwamba hakumwambia Chapchap.

Chapchap alikuwa mwenzake wa ghorofa ya chini, mwanamke mwepesi wa mkono na mwepesi wa machozi, ambaye hakuwahi kufanya jambo lolote polepole. Jumatatu ya usaili, jumba likiwa limefungwa kwa wageni, alipita chumba cha tatu mapema akaona sakafu imechakaa. Moyo ukamuuma. Akajua, au akadhani anajua, kwamba dada yake, ndivyo alivyomwita Mama Nta, amezongwa na masomo mpaka kazi imemshinda, na kwamba wakubwa wakiona sakafu ile watamnyima nafasi hata kabla hajafungua mdomo. Akachukua kopo, akapaka. Akaona haitoshi, akapaka tena juu yake bila kusubiri ya kwanza ikauke.

Mama Nta alipofika saa nne kasoro, Chapchap alimpokea mlangoni akitabasamu. "Dada, nimekufanyia chumba chako. Kinang'aa hata unaweza kujitazama."

Mama Nta akachungulia. Sakafu yote ilikuwa kioo kitupu. Ushahidi wa wiki nne, na kwa hakika wa miaka kumi na tisa, ulikuwa umefunikwa kwa upendo. Alitamani kukaa chini palepale alie. Akasema, "Ahsante, mdogo wangu," kwa sababu mtu hawezi kumgombeza anayemtazama kwa macho yale. Kisha akaenda kusimama ukutani.

Jopo lilikuwa la watu watatu, wamewekewa viti kwenye zulia la mlangoni: mkurugenzi wa jumba, aliyekuwa mama mwenye faili kubwa; mwongozaji mkongwe aliyekuwa akistaafu, na mwenyekiti wao, profesa wa falsafa ya sanaa, mzee mwembamba ambaye hakutabasamu bila sababu iliyothibitishwa. Mwombaji wa kwanza alikuwa karani wa tiketi, waliyemwita Digrii kwa kuwa alikuwa nazo mbili na hakumficha mtu. Digrii alizungumza vizuri, tumpe haki yake. Aliipanga rangi na umbo, akaipanga dunia na moyo wa msanii, akashusha majina ya nadharia moja baada ya nyingine, huku akienda mbele na kurudi mbele ya turubai. Jopo lilitikisa vichwa kukubali, likiwa limekaa.

Mama Nta hakumsikiliza sana. Alikuwa akisikiliza viatu vyake. Kila hatua ya Digrii ilitoa sauti ndogo ya kunata. Nta ilikuwa mbichi. Chapchap hakuwa ameiacha ikauke, na nta mbichi kwa saa mbili tatu inashika kila unyayo. Yeye ambaye ameifuta nta ya namna hiyo mara elfu alilijua hilo kama anavyojua njia ya kwake. Akapiga moyo konde.

Alipoitwa hakwenda mbele ya picha. Alisimama kando ya viti vyao. "Naomba msimame," akasema. "Nendeni popote mnapotaka humu ndani, mtazame mpaka mridhike. Tafadhali msiseme kitu. Mimi pia sitasema."

Wajumbe wakatazamana. Digrii, aliyekuwa amebaki mlangoni, akakohoa kicheko. Mama Nta alikuwa na dakika kumi za maisha yake na alikuwa akizitumia kwa kunyamaza.

Dakika ya kwanza wote watatu walikwenda mbele, wakasoma kibandiko, wakasimama. Hakuna kilichotokea. Mkurugenzi akaangalia saa. Kisha, kwa kuchoka tu, mkurugenzi akatembea kando ya ukuta kuelekea dirishani, akageuka. Akasimama. Akainamisha kichwa, akakiinua. Akaliweka chini lile faili ambalo hakuna aliyewahi kumwona akiwa hajalibeba. Mwongozaji mkongwe akamfuata kuona kuna nini, naye hakurudi. Mwisho profesa akaenda, mikono nyuma, amekunja uso kwa ajili ya kupinga, na uso ule ukakunjuka taratibu.

Walikaa pale dakika tatu.

"Sasa rudini hapa kwangu," Mama Nta akasema, "na muitazame sakafu."

Mwanga wa dirisha ulikuwa umelala juu ya nta. Mbele ya picha, ukiacha njia ya Digrii ya kwenda na kurudi, kulikuwa na alama chache za nyayo, nyepesi, zilizokuja na kuondoka. Kushoto, karibu na dirisha, nta ilikuwa imevurugwa na jozi tatu za viatu vilivyosogea, vikasita, vikasogea tena.

"Sikuwaambia mwende pale," akasema. "Kibandiko hakiwaambii, kijitabu hakiwaambii. Kwa miaka kumi na tisa nimeipaka nta sehemu ile kuliko mahali pengine popote katika jumba hili, kwa sababu watu nisiowajua wanaimaliza. Nilikuwa nimepanga kuwaonyesha alama zao. Leo mmenipa zenu."

Profesa akajikohoza. "Miguu si hoja, mama. Watu hujazana hata kwenye ajali."

"Kwenye ajali mtu anaondoka na habari, akawasimulie wenzake. Hapa anaondoka bila habari yoyote, na wiki ijayo namwona tena, amesimama palepale. Amefuata nini?"

Profesa akauliza lingine. "Basi mchoro huu una maana gani?"

Ndilo lile swali. Safari hii halikumkuta na kijitabu.

"Nikisema ni huzuni, aliyekuja na furaha yake atadhani amekosea. Wanaosema maana anayo mchoraji, mchoraji amekufa na picha bado iko kazini. Wanaosema ni rangi na umbo peke yake, rangi hiyo na umbo hilo vilikuwa mbele yenu mlipokuwa vitini, na havikuwafanya kitu. Wanaosema ni sanaa kwa kuwa jumba limeipokea, jumba limepokea picha mia mbili, na nyingine nta yake haijalika tangu nianze kazi. Mimi naona maana inatokea mtu anapoinuka kitini akaenda kuitafuta, na kila mmoja anaipata kwa macho yake. Siwezi kumpa mgeni maana. Naweza kumwinua kitini, na nikishamwinua nijue kunyamaza."

Dakika zake zilikuwa zimekwisha na hakuna aliyesema zimekwisha. Profesa alivua miwani, akaipangusa, akaivaa, halafu badala ya kurudi kwenye kiti chake akarudi dirishani, peke yake, akasimama juu ya alama zake mwenyewe.

Mkurugenzi alimtazama mwenyekiti wake kwa muda, kisha akamgeukia mwongozaji mkongwe, naye akatikisa kichwa kukubali kabla hajaulizwa. "Sina haja ya kuwaita pembeni," mkurugenzi akasema. "Mama, utaanza Jumanne."

Furaha ilimpanda Mama Nta kuanzia magotini, na magoti yale yalikuwa na haki ya kuwa ya kwanza kujua. Alishukuru. Digrii, mwenye adabu zake, akampa mkono.

Nje kwenye korido alimkuta Chapchap amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, analia. Alikuwa amesikiliza mlangoni, na alipoelewa kilichokuwa kimepangwa na alichokifuta, akakimbia kabla ya kusikia mwisho.

"Dada nimekuharibia. Nisamehe, sikujua."

"Inuka. Nimeipata."

"Umeipata vipi na mimi nimezifuta zote?"

"Ulipaka mbili bila kukausha," Mama Nta akasema, naye akaanza kulia na kucheka kwa pamoja. "Ndiyo iliyonipa kazi, mdogo wangu. Nitakueleza tukishuka."

Akamshika mkono. Wafanya usafi wote wa jumba lile hutumia ngazi za nyuma, zile za chuma, ingawa hakuna anayekumbuka nani aliwaambia. Mama Nta alizipita bila kuzitumia. Alimvuta Chapchap mpaka ngazi za mbele, zile pana za mawe walizozipiga deki kila asubuhi ya Mungu, na wakazishuka katikati, polepole, ngazi moja baada ya nyingine, wakizungumza kwa sauti.