Mapinduzi ya Duara Letu

Redioni wakianza kuchambua mapinduzi, mimi huzima. Nimeshayaona. Yalikuja machimboni kwetu upande wa Geita yamevaa viatu vipya vya ngozi, yakala chapati zangu, yakaua mtu mmoja na kumkata mume wangu vidole vitatu, kisha yakapanda bodaboda yakaondoka. Na mimi niliyapigia kura. Hilo la kura sikuwahi kumwambia mume wangu, na ndilo lililoniwasha moyoni miaka yote hii kila nilipomsikia msomi anafungua kinywa.

Duara ni shimo la dhahabu, basi. Linakwenda chini, halafu linapinda kufuata mwamba. Mume wangu alikuwa fundi wa matimba, yaani ile miti inayosimamishwa shimoni kuzuia kuta na dari zisiporomoke. Hakuwa mtu wa maneno. Kila asubuhi alishuka peke yake na shoka, akagonga kila mti kwa mgongo wa shoka na kusikiliza. Wachimbaji walikaa juu wakimsubiri, wanaume wazima na miraba yao minne, wanatafuta la kutafuna. Akipanda akasema "Shukeni," wanashuka. Akisema "Leo hapana," hakuna anayebisha, hata mwenye duara mwenyewe. Kwa kazi hiyo, siku ya mgao wa mawe alipewa mfuko mmoja, ukiitwa mfuko wa matimba, ingawa hakuwa amepiga mwamba hata mara moja.

Mwenye duara sitampamba. Alikuwa mnyonyaji, tena mnyonyaji asiye na haya. Nusu ya mawe ni yake, na mchimbaji akiumia anapewa pole na soda. Kwa hiyo msije mkadhani natetea matajiri. Nawadharau wote, kila mmoja kwa fungu lake.

Mwanamapinduzi wetu alitoka chuo kikuu, au alitolewa. Sikuwahi kupata jibu moja. Alisema amekuja kuishi na umma. Kuishi na umma kulikuwa kulala gesti yenye feni kule senta, na kula kwangu. Sururu hakuishika hata kwa kupiga picha. Lakini mdomo, loo! Mdomo alijaliwa. Mchana watu wakishakula chini ya turubai langu, anasimama na kijitabu chake anatufundisha. Yule Mjerumani mwenye ndevu, anasema, aligundua kwamba historia inakwenda kwa ngazi, na wafanyakazi wa viwanda vikubwa ndio watakaompindua bepari. Vizuri. Ila wa viwanda vikubwa hawakupindua; waliopindua ni Warusi, ambao viwanda vyao vilikuwa vya kuhesabika. Basi Mrusi mmoja akasema haidhuru, kikiwepo chama cha wachache wanaojua, hao wachache watawaongoza wengine. Akaja Mchina akasema hata viwanda si lazima, wakulima wanatosha. Nikawaza, hiki kitabu kina bahati, kila kikikosea wanakiongezea ukurasa.

Siku moja nikauliza, "Na sisi wachimbaji wadogo tumo humo? Tunaitwaje?"

Akapekua. Akakohoa. Akasema kwa mujibu wa nadharia sisi ni mabaki ya jamii, watu wa kuzurura wasio na tabaka, wasioaminika, lakini yeye atatuinua. Mtu mwenye akili angemmwagia mchuzi. Mimi nilifurahi! Nilifurahi kwamba tumeandikwa. Ebo, ujinga una vyeo, na mimi nilipata cha juu, maana siku ileile alinifanya katibu. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne nikiwa nakaa Ngokolo, na mwandiko wangu ni mzuri. Akawa ananiita "ndugu katibu" mbele za watu. Wengine wote pale waliniita shemeji au mama chapati. Mume wangu hakuwa ananiita chochote. Alikuwa anakohoa tu, najua ni mimi. Nikavishwa kilemba cha ukoka, nacho kikanikaa vizuri kabisa.

Tena nilikuwa nimeonywa. Bibi yangu wa Tinde alinisimulia nikiwa mdogo jinsi walivyohamishiwa vijijini wakati wa ujamaa. Lori lilikuja asubuhi, nyumba ikabomolewa, mtama ukaachwa ghalani na mvua inakuja. Yule ofisa aliyewafundisha kuishi pamoja, bibi alikuwa akisema huku akicheka kwa uchungu, alikaa peke yake kwenye nyumba yenye uzio. Nilimsimulia mwanamapinduzi. Akatabasamu kama mwalimu aliyezoea watoto wazito. "Ule haukuwa ujamaa wa kisayansi, ndugu katibu." Hilo ndilo jibu lao, popote utakapowakuta. Uliobomoa nyumba ya bibi yako si wenyewe. Wenyewe unakuja kesho.

Kesho ikaja. Mchimbaji mmoja alivunjika mguu, na mwenye duara akakataa gari lake lisimpeleke hospitali kwa sababu atachafua viti. Hapo hasira zilichemka, na zilikuwa za haki. Hata leo nikikumbuka vile viti nasonya. Alipokuja asubuhi iliyofuata alikuta watu wamesimama njiani na sururu. Akageuza gari akaenda zake mjini. Basi, mapinduzi yakawa yamekwisha, hata maharage yangu hayajaiva.

Yangeishia pale ningekuwa nayasifu mpaka leo. Lakini mwanamapinduzi akaitisha mkutano mchana, akasema adui wa nje ameondoka, sasa tumtazame wa ndani. Akauliza, "Nani hapa anapata mawe bila kupiga mwamba? Nani anaweza kuwazuia wafanyakazi wasifanye kazi kwa neno lake moja?" Watu wakageuka kumtazama mume wangu, aliyekuwa amekaa juu ya gogo anachonga mpini. Akaitwa mabaki ya mfumo wa zamani. Ikapendekezwa kazi ya matimba iwe ya zamu, kila mtu siku yake, maana wote ni sawa, na mfuko wake ugawanywe kwa wote.

Wakamsimamisha mbele, wakamgeuza atupe mgongo, vile wanavyofanyiwa wanafunzi wanaogombea ukaka mkuu, ili asijue nani kamkataa. Mimi nilikuwa nimeitwa kutoka kwenye chapati, hata kunawa sikunawa. Mwanamapinduzi akanitazama. "Ndugu katibu atuonyeshe njia."

Nilinyoosha mkono.

Sikutishwa na mtu. Nilinyoosha kwa sababu nilitazamwa, na kwa sababu mgongo wa mume wangu haukuwa na macho. Mikono mingine ikafuata, mtu mmoja akahesabu kwa sauti, mimi masikio yangu yote yako kwa mwanamapinduzi, namsubiri aniite tena ndugu. Mume wangu alipogeuka aliokota shoka lake akasema, "Mti haupigiwi kura." Akaja jikoni kwangu, akaanza kunipasulia kuni. Shimoni hakurudi.

Ratiba ya zamu niliiandika mimi, kwa ule mwandiko wangu mzuri, ikabandikwa kwenye nguzo ya mdomo wa duara. Wiki ya kwanza watu walishuka wakagonga kweli, ingawa walikuwa wanagonga kama anayebisha hodi; sauti waliisikia, maana yake hawakuijua. Wiki ya pili waligonga ya juu tu. Miti mipya ikawa taabu kuikata, wakang'oa ya zamani kwenye shimo lililoachwa, imeshalowa na kukauka mara nyingi. Mume wangu alikuwa ananiambia mti mbichi hulia kabla ya kuvunjika, mkavu unaondoka kimya. Aliniambia mimi, kwa kuwa mimi ndiye katibu, niwaambie. Niliwaambia. Mwanamapinduzi akasema ni hofu zinazopandwa na tabaka lililopinduliwa. Tabaka lenyewe liko pale, linapuliza moto wangu wa chapati!

Ikanyesha siku mbili. Ya tatu ilikuwa zamu ya mwanamapinduzi mwenyewe, jina lake nililiandika kwa mkono wangu. Alikuwa kwenye simu anawatumia wenzake wa chuo tamko la ushindi wetu. Aliigonga ile nguzo ya mdomo wa duara kwa kalamu. Kwa kalamu, jamani! Akasema, "Shukeni, ndugu."

Walishuka wawili. Sikusikia kelele, nilisikia kitu kama gunia linaangushwa mbali. Mume wangu alikuwa ameshaacha kuni, anakimbia. Yeye ndiye aliyejua kila mti umesimama wapi mle gizani. Mmoja alimvuta akiwa hai. Alipomfikia wa pili jiwe lilishuka likamponda yeye mume wangu mkono wa kulia, vidole vitatu vikaondoka, na yule wa pili hakuwa mtu tena wa kuvutwa. Alikuwa mmoja wa wale walioniita shemeji, yule aliyedai nyama kubwa kila siku, wala hakuwa amepata mtoto. Tunamtoa maiti, mwanamapinduzi keshafika lami.

Mwenye duara akarudi na sanda na sura ya huzuni, na masharti yaleyale. Aliyafuta yote tuliyoyafanya, isipokuwa moja. Mfuko wa matimba hakuurudisha. Alisema zamu ni wazo zuri, tena alishangaa halikumjia mapema. Ndiyo athari ya mapinduzi yetu katika historia, waandike.

Sasa tuko Kagongwa. Nina mgahawa wangu, nguzo sita na mabati. Kila asubuhi mume wangu anazigonga nguzo zote kwa mkono wa kushoto kabla sijaingia, na jirani zetu wanacheka, nami nilikuwa nacheka nao na kumwambia afanye haraka maji yanapoa.

Mwaka huu likasimama gari la mradi. Akashuka mwanamapinduzi, sasa na kitambi. Hakumtambua mume wangu aliyekuwa anafuta meza ya pili, lakini mimi alinitambua. "Ndugu katibu!" Akaagiza wali, akaanza. Masharti ya kihistoria hayakuwa yamekomaa. Ufahamu wa umma ulikuwa chini. Nikamuuliza, "Na ile kalamu?" Hakuikumbuka. Akasema makosa hayawezi kuwa ya mtu mmoja pale ambapo umma umeamua. "Hata wewe, katibu, ulikuwa wa kwanza kunyoosha mkono."

Kitambaa cha mume wangu kilisimama juu ya meza. Kisha kikaendelea.

"Kula uondoke," nilimwambia. Nilitaka iwe sauti ya dharau, nimeifanyia mazoezi miaka mingi, ikatoka nyembamba.

Alipoondoka nilimfuata mume wangu nyuma, kwenye beseni la vyombo. "Lile alilosema," nikaanza.

"Nalijua."

"Nani alikwambia?"

"Niligeuzwa mgongo, sikuzibwa masikio." Aliisuuza sahani, akaigeuza, akaisuuza tena kwa vile vidole viwili vilivyobaki. "Aliyehesabu alisema, 'Moja, ule wenye unga.' Nani mwingine pale alikuwa na unga?"

Nilikuwa na miaka yote ya kumdharau mwingine, na haikunisaidia hata neno moja.

Asubuhi yake aligonga nguzo zote sita. Nilisimama nje na ndoo yangu ya maji ya moto, jirani zetu wakatazama. Sikucheka, sikumharakisha. Alirudia ile ya pembeni mara mbili, akasikiliza, ndipo akasema, "Ingia."