Mgongo Ndani ya Picha

Mpiga picha huyu wa filamu hasemi "tayari" kabla hajalamba kidole na kukiinua kupima upepo. Kamera yake ameifungia mwavuli mweusi kwa mpira wa baiskeli, na lenzi huifuta kwa kitambaa cha shingoni, taratibu, kama mtu anayempangusa mtoto aliyesinzia. Mwongozaji akimharakisha, hageuki. "Jua lenyewe halina haraka," humjibu kwa sauti ya chini.

Wiki nzima huko Igombe, ambako wanawake huanika dagaa mchangani, alikuwa akiingoja picha moja tu: mvua ikija kutoka ziwani. Hatimaye ikaja. Wingu zito likasogea juu ya maji, na Mama Wilhelmina, mwenye dagaa, akapiga yowe. Ufukweni hapo yowe la mvua halina mgeni. Kila aliyepo huinama akazoa. Mpiga picha akaiacha kamera ikirekodi chini ya mwavuli wake, akanyakua ndoo, akakimbilia mchangani.

"Dada, toka! Umeingia kwenye picha!" akafoka mwongozaji, kajibanza chini ya bati.

"Ingia na wewe! Dagaa wa watu wakilowa tukiwatazama, kesho tutakuja hapa kwa uso gani?"

Ndoo ya mwisho ilipofika chini ya paa, aliirudia kamera huku maji yakimchuruzika, akakikamua kitambaa, akafuta lenzi kwa upole uleule.

"Kesho tunarudia?" akauliza mwongozaji.

"Mvua hairudiwi," akasema. "Huo mgongo wangu, uache humohumo pichani."