Yatima wa Gauni la Njano

Naona haya hata kuandika, lakini mtaa wetu mzima hapa Hail, huku Uarabuni, unaijua habari hii na kila mmoja huisimulia anavyotaka, basi bora muisikie kwangu mwenyewe.

Niliandikishwa darasa la Kifaransa la jioni, nikaenda wiki tatu, nikachoka, nikaacha, na nyumbani sikusema. Tulipotia dishi, miaka ile ya mwanzo wa elfu mbili, mama na mdogo wake, Khalati Rayya, wakaangukia mashindano ya Kifaransa, wasichana kumi ndani ya jumba moja wanamgombania mwanamume mmoja, na kila Alkhamisi baada ya alasiri mmoja anarudishwa kwao. Mama akanambia, "Si umesoma wewe? Tutafsirie." Ningesema sijui, yangekwisha pale pale. Nikatafsiri.

Mwanzo nilibahatisha, baadaye nikanogewa. Msichana wa gauni la njano nikamfanya yatima anayelea wadogo zake (alikuwa na uso wa huruma, nifanyeje), na mwenye nywele nyekundu nikamfanya fitina, ndiye anayekula njama na wenzake nani atolewe. Majirani wakaanza kuja na halua. Mama akawa anamwombea yatima kila akisali.

Siku ya fainali ndipo alipokuja Bi Zuwena, mama yake Nassor, kunitazama kwa ajili ya posa. Nassor nilikuwa namtaka hasa, tukifanya kazi jengo moja Al Khuwair, na nilidhani siku hiyo televisheni itazimwa. Mama akaiwasha mwenyewe, maana alitaka kunisifia kwa mgeni. "Huyu Kifaransa anakimwaga kama maji," akasema. Nikatafsiri kwamba yatima anasema akishinda atawasomesha wadogo zake.

Bi Zuwena akaweka kikombe chini. "Mwanangu, sie watu wa Bujumbura, mie nimesomeshwa na masista miaka minane. Huyo anajisifu alivyowazunguka wenzake mpaka wakamtoa rafiki yake mwenyewe. Na hao waliokaa nyuma yake ni babake na mamake."

(Kwamba walitokea Bujumbura nilijua. Sisi wa Unguja huwatania kwa Kiswahili chao, hicho Kifaransa chao sikukikumbuka.)

Khalati Rayya akaanza kukusanya vikombe ambavyo bado vina kahawa. Mama akauliza taratibu, "Na dua zangu zote zile?"

Jibu la posa lilikaa wiki tatu, na nililia. Likaja kwa simu: kijana wao bado anataka, lakini Bi Zuwena anauliza, hayo mengine aliyoambiwa, kwamba binti ana miaka ishirini na tatu na anajua kupika, nani aliyatafsiri? Baba akapeleka pasipoti yangu.

Nimeolewa, alhamdulillahi, na nimeapa sitasema najua nisichokijua. Haijasaidia sana. Mpaka leo nikimwambia mama mkwe wali umeiva, husema vyema, kisha huinuka akafunua sufuria mwenyewe.