Fundi Taratibu na Sinia la Watu Wanne

Alizaliwa kitinda mimba katika nyumba ya waashi, na tangu utoto hakujua haraka. Ndiyo maana wakamwita Fundi Taratibu. Alijenga kuta za watu, akaoa, akawa kiongozi wa sala katika jumuiya. Mwaka wa pili wa vita, maadui walimchukua pamoja na wanaume wengi wa mtaa, wakawasafirisha kwa treni hadi kambi ya wafungwa penye machimbo ya mawe, nchi ambayo hata majira ya mvua yake hawakuyajua.

Kambini sala zilikatazwa. Yeye aliwasalisha wenzake kwa kunong'ona, mpaka fundi viatu, jirani yake wa nyumbani, alipomchongea kwa askari ili apate kipande cha mkate. Walimpiga hadi mkono wa kushoto ukavunjika.

Chakula kilipakuliwa sinia moja kwa watu wanne. Tangu siku ile hakuna aliyekubali kula na fundi viatu, naye mpishi hakumpakulia mtu asiye na wenzake. Akakonda, macho yakaingia ndani. Basi Fundi Taratibu akaliacha sinia lake, akaenda kuketi naye.

"Una wazimu? Si huyo aliyekuvunjisha mkono?" wakamzomea.

"Ni wa kushoto, ndugu zangu. Wa kulia bado unamega tonge."

"Wawili siwapakulii," akasema mpishi. "Tafuteni wengine."

Wakashinda na njaa. Kesho yake vilevile. Kesho kutwa seremala, swahiba wa Fundi Taratibu, akainuka kwa hasira: "Mzee, wewe utatuua kwa aibu!" Akaketi nao. Dereva mmoja akamfuata huku akinung'unika. Mpishi akapakua.

Homa ilimshika Fundi Taratibu kabla vita havijaisha. Aliyemwosha na kumnywesha uji ni fundi viatu, ambaye hadi hapo hakuwa ameomba radhi.

"Ni mimi niliyekuchongea," akasema akilia.

"Najua. Umekula leo?"

Hayo yakawa maneno yake ya mwisho.

Kaburi lake liko hukohuko, hatulijui. Fundi viatu aliporudi alimsimulia mjane yote akiwa amesimama mlangoni, asithubutu kuingia. Mama yule akamletea maji ya kunawa. Na ndugu wa tumbo moja waliogombania shamba hadi kutozikana, walipomwomba marehemu Fundi Taratibu awaombee kwa Mungu, walipatana kabla ya mavuno.

Nasi tumfuate. Tusimngoje mkosaji atubu ndipo tumsogezee kiti; njaa yake haingoji.