Kura Niliyoiita Kula

Nakumbuka Jumamosi moja ya mnada pale Usagara, nimesimama juu ya tela la trekta, watu wamejaa kuliko ng'ombe, nikatamani ardhi ipasuke inimeze. Mwanangu, nakusimulia haya kwa sababu mama yako ameniambia umekataa kusoma risala ya mahafali yenu, eti wenzako wanacheka ukitamka. Kaa. Na mimi yalinipata, mimi huyu huyu unayeniona kwenye televisheni nikiigiza wakwe wakali.

Usidhani nilianza na kuigiza. Nilianza na miguu. Nilikuwa mchezaji katika kikundi cha ngoma cha kiwanda kimoja cha nguo hapa Mwanza, na ngoma yetu ilikuwa ile ya majembe, Bugobogobo. Unarusha jembe juu, unazunguka, unalidaka kabla halijagusa vumbi. Nilikuwa hodari, sitajifanya mnyenyekevu leo. Mchezaji wa ngoma haongei, anatabasamu tu, na hilo lilinifaa sana. Kisha goti la kulia likaharibika, daktari akanikataza kuruka, na kabla sijamaliza kulia kiwanda kikabinafsishwa. Mwenye kiwanda mpya alitaka vitambaa, hakutaka ngoma, kikundi kikavunjwa.

Aliyeniokota ni Mwalimu Kokushubira, mama wa Kihaya, mwalimu mstaafu wa shule ya msingi aliyekuwa na kikundi cha maigizo. Vyama vingi vilikuwa vimeingia, uchaguzi unakaribia, na kikundi chake kilizunguka Buhongwa, Usagara, hadi ng'ambo ya kivuko kule Busisi, kikiwaonyesha watu jinsi ya kupiga kura. Akaniambia, "Kabula, mguu umekataa. Mdomo je?" Nikasema upo. Nilijua kabisa hiyo ndiyo nafasi yangu ya mwisho ya kubaki jukwaani. Nikiikosa, narudi Misungwi kupalilia pamba ya baba.

Ila nilikuwa na siri. Sisi Wasukuma, lugha yetu ya nyumbani haina r. Shuleni nilichapwa kwa ajili ya herufi hiyo mpaka nikaacha kunyoosha mkono darasani. Basi kila Mwalimu aliponipa maneno yangu, niliyachuja kimya kimya. Palipoandikwa "rafiki" nilisema "mwenzangu". Palipoandikwa "rudi" nilisema "njoo tena". Nilipewa sehemu ndogo ndogo, jirani mmoja hapa, muuza nyanya pale, na hakuna aliyegundua, au ndivyo nilivyodhani.

Jumamosi ile Esta, mwenzetu aliyekuwa akiigiza mama mkuu wa mchezo, akaamka na malaria. Mwalimu akaniuliza, "Sehemu ya Esta unaiweza?" Hapo, mwanangu, ndipo nilipokosea. Ningesema, "Mwalimu, ulimi wangu una shida," tungetafuta njia. Mimi nikajibu, "Naiweza," kwa sababu kichwani niliijua yote, neno kwa neno. Lakini yule mama kazi yake nzima ni kusema kura, na kura haina jina jingine la kujifichia.

Nikapanda kwenye tela. Mzee Magesa, Mjita aliyeigiza mgombea mlaghai, akaninyooshea kifurushi cha sukari akiniomba nimchague. Nikavuta pumzi, nikanyoosha mkono kichezaji hasa, nikatangaza kwa sauti iliyofika mpaka kwenye mazizi: "Siuzi kula yangu! Kula yangu ni sili yangu!"

Uwanja mzima ukacheka. Na kilichoniuma zaidi, walikuwa Wasukuma wenzangu, watu ambao wangesema vile vile kama mimi. Bwana mmoja wa mbele akapaza sauti, "Mama mchoyo huyu! Unakula kwa sili, tukalibishe!" Nikashuka kwenye tela, goti bovu na yote, nikakimbia mpaka banda la mama ntilie nyuma ya uwanja. Mama wa watu, mwiko mkononi, akanitazama kwa huruma akaniuliza, "Umekuja kula?" Nikaangua kilio.

Mwalimu akanifuata. Kule uwanjani Mzee Magesa, na mvi zake, alikuwa akiwakatia watu kiuno ili wasiondoke.

"Siwezi kuludi, Mwalimu," nikamwambia. "Wananicheka."

"Nimewasikia, mimi si kiziwi. Na ulimi wako nimeusikia tangu wiki ya kwanza. Nimefundisha watoto kusoma mpaka nikastaafu, halafu wewe unanificha r?" Alikuwa amekasirika kweli. "Nilikuwa nasubiri uje mwenyewe uniambie, nikusaidie. Hukuja. Haya, nijibu. Ulipokuwa unacheza majembe, ukiteleza mbele ya watu ulikuwa unafanyaje?"

"Nateleza tena."

"Kwa nini?"

"Nikiludia, wanajua ni hatua ya ngoma."

Mwalimu akanifuta machozi kwa pindo la kanga yake, kwa nguvu, kama anafuta ubao, kisha akaninyooshea kidole kule kwenye tela.

Nikarudi. Kicheko kikaanza upya kabla sijafungua mdomo. Nikakichukua kile kifurushi kwa Mzee Magesa, nikakinyanyua juu wote wakione. "Ndiyo, nimesema kula!" nikawaambia. "Kwani mkiiuza kwa sukali hii, si mmeila? Chai ya asubuhi moja, imekwisha! Halafu miaka mitano mtakula nini?" Kisha nikakirusha kifurushi juu, nikazunguka kwa goti lile lile, nikakidaka, nikamsukumia mgombea kifuani.

Yule bwana aliyenitania akapiga makofi, wengine wakafuata, wanawake wakapiga vigelegele, na nyuma kabisa nikamwona mama ntilie anapunga mwiko. Mwanangu, sijawahi kupumua vile. Ilikuwa kama nimetua ndoo niliyoibeba kichwani tangu darasa la kwanza. Mwalimu akayaacha maneno yale kwenye mchezo, tukayapeleka mpaka Busisi, na huko ndiko nilikoanza kuitwa Mama Kula. Zilipokuja redio za watu binafsi, kisha televisheni, waliniita kwa jina hilo hilo.

Na r nilijifunza, usije ukanisingizia kwamba nimekwambia usijifunze. Mwalimu alinisomesha juu ya kivuko cha Kigongo tukivuka kwenda Busisi, rarua, rarua, raruka, abiria wananitazama wakidhani nimepagawa. Sasa ninayo, ingawa nikikasirika inanikimbia.

Basi nasaha yangu ni hii. Udhaifu wako usimfiche anayekufundisha. Mwambie mapema, maana kosa langu siku ile halikuwa ulimi, lilikuwa kusema "naiweza". Wakikucheka, jua kwamba wengi wao wanafurahi tu kwa kuwa leo si zamu yao. Na ukiteleza usikimbie. Rudia, makusudi, kichwa juu, mpaka liwe lako. Kamwambie mwalimu wako leo hii kwamba risala utaisoma. Mimi nitakaa kiti cha mbele na goti langu hili, nione nani atacheka.

Mungu aulainishe ulimi wako, aipe nguvu miguu yako siku hiyo, asikukoseshe mtu wa kukufuta machozi, hata kama atakufuta kwa nguvu. Akupe balaka tele, mwanangu.

Ndiyo, balaka. Nimeludia makusudi.