Mshairi Aliyekufa Mapema

Upumbavu wangu wa kwanza ulikuwa kuchagua mshairi kwa kuangalia umri aliokufa nao. Mwalimu wetu wa Kiingereza alitutajia washairi wa ulimbwende, wale wa zamani waliopenda kuongea na upepo na milima, akasema kila mmoja achague wake, asome kazi zake zote, kisha aje kumweleza mbele ya darasa. Wenzangu waliangalia sura. Mimi niliangalia makaburi. Nikampata mmoja aliyekufa kijana kabisa, ndevu hazijakolea. Nikajiambia, sharp, mambo safi, huyu aliandika vitu viwili vitatu, akaanza kukohoa.

Maktaba ikanipa kitabu kinene kama tofali. Eish. Yule bwana hakuwa na simu, hilo nililiona mara moja. Kulikuwa na mashairi marefu, mashairi mafupi, tamthilia, barua za kulalamikia mvua, na mwishoni wakaweka hata mashairi ambayo hakuyamaliza. Hapo ndipo roho iliniuma. Mimi nisipomaliza kazi napewa sifuri. Yeye hakumaliza, wakamfungia jalada gumu.

Mama, ambaye ana saluni ndogo ya kusuka nywele pale Jules Street, alikipima kile kitabu mkononi kama anayenunua samaki, kisha akanyoosha mkono wa pili.

"Leta simu. Utaipata siku kitabu kitaisha."

"Mama, humu kuna vitu vilivyomshinda hata mwenyewe."

"Vyote."

Nikakisukuma chini ya kitanda usiku huohuo, nikasahau kwamba kina kurasa. Wiki nzima, mama akirudi jioni ananiuliza, "Umefika wapi?" Nami namjibu kwa huzuni ya msomi, "Ameanza kuumwa, mama." Kesho yake, "Amezidiwa." Ijumaa nikamzika.

"Nimemaliza, mama. Amekufa."

"Pole," akasema, akaendelea kusonga bugali. Simu hakuitoa. "Tungoje Jumapili."

Kanisani kwetu wengi tumetoka Kongo, na mtu akipata jambo jema haliweki nyumbani. Anasimama wakati wa ushuhuda, anaimba ubeti mmoja kwanza, ndipo anasema. Jumapili hiyo nikamwona mama anasimama. Akaimba.

"Bwana asifiwe. Mtoto wangu amesoma kitabu kikubwa cha mzungu, chote, hata yale yaliyomshinda mzungu mwenyewe."

Akina mama wakapiga vigelegele. Mchungaji akaninyooshea maikrofoni.

"Kuja mbele, mwana wetu. Tupe shairi moja. Kwa Kiswahili, wazee nao wafurahi."

Nikisema ukweli, simu ndiyo imekwenda. Nikapanda mbele, nikakohoa kidogo kama marehemu, nikafumba macho.

"Ee kondoo wa mlimani,
mbona wanitazama hivyo,
kama askari wa getini
anayeuliza naenda kwa nani?"

Wababa wengi kanisani kwetu ni walinzi. Safu yao nzima ikacheka, na mmoja akanijibu kutoka nyuma, "Andika jina kwanza."

Mchungaji akainamisha kichwa. "Huyo mzungu, huko mlimani, alikuwa na geti?"

"Kwao walikuwa na nafasi, mchungaji."

Akasema amina, kanisa zima likaitikia. Nikarudi kukaa nikiwa na jasho hadi kwenye soksi. Lakini nilikuwa nimepona, na vidole vyangu vilianza kuwasha kwa hamu ya simu.

Baada ya ibada tulisimama kwenye robot, zile taa za barabarani, tukingoja magari yasimame tuvuke. Mkoba wa mama ulikuwa begani kwake, simu yangu iko humo. Nikasema kwa upole wote niliojaliwa, "Mama, basi simu." Hakunigeukia. Aliendelea kuangalia taa nyekundu, akasema:

"Kile kitabu kiko saluni tangu Jumatatu. Watoto wadogo wakija kusuka ninawakalisha juu yake, kiti changu ni kifupi. Wiki nzima weye hukuuliza hata siku moja kiko wapi. Kesho ukitoka shule, kuja saluni. Utanisomea kwa sauti nikisuka, kutoka mwanzo. Na yale mashairi ambayo yeye hakumaliza, utayamaliza weye. Leo nimeona uko na kipaji."