Kodi Iliyoingia Kilioni

Msiniambie Mama Dunia hakulipa kodi. Alilipa! Nilikuwepo miye mwenyewe, jirani yake ukuta kwa ukuta, hapa mtaani Kikula.

Mama Dunia ni mjane, anauza samaki wa ziwa Tshangalele sokoni. Papa Germain, mwenye nyumba, alitaka kumtoa ili amweke mwanawe, akamshitaki. Juje, yaani hakimu, akasema: mpaka kesi iishe mama abaki, ila kodi alipe kila mwezi, akikosa, atoke. Sasa sikia ujanja wa yule mzee! Akaanza kuikataa kodi. Mama akigonga mlango na pesa mkononi, anajibiwa, "Papa haiko." Na sisi tunamsikia ndani akikohoa.

Ndipo mama mzazi wa Papa Germain akafa. Kwetu, mkono uliofika kilioni na mchango haurudishwi, hata ukiwa wa adui. Mama Dunia akaniambia, "Leo hatanikatalia." Akatia kodi yote iliyokataliwa ndani ya bahasha, akamwekea Papa Germain mkononi mbele ya watu. Akapokea! Mama akashusha pumzi. Kumbe mpokea michango alikuwa anatazama. Akasimama, akatangaza, "Mama Dunia, aksanti sana!" Kilio kizima kikamgeukia kumshukuru. Mama akainamisha kichwa.

Siku ya kesi Papa Germain hakupepesa hata jicho.

"Bwana juje, ile bahasha ilikuwa mchango ya kilio."

Juje akamwuliza mama kama siku ile alitamka neno kodi.

"Mbele ya maiti, bwana juje?"

Basi, kesi ikaishia hapo: ikahesabiwa mama hakulipa kodi, atoke.

Jumamosi vitu vyake vikatupwa nje, godoro na beseni za samaki, mvua inanyesha. Madeleine, dada yake Papa Germain, akapita kutoka Mulungwishi anakokaa. Maskini, hakujua lolote la kesi. Akamshika mama mikono yote miwili.

"Mama Dunia, ile sanduku ya kuzikia mama yetu, weye njo ulilipa. Hatutakusahau."

"Mungu amulaze pema," mama akajibu.

Kisha akanigeukia, akaniuliza kama kwangu kuna nafasi ya beseni. Ya beseni ilikuwepo. Yake yeye haikuwepo.